Stelingi hafi, lakini jina lake ni la nani?

Mambo ya kodi ya nyumba na mshahara usiofika tarehe 15 tuyaweke pembeni kidogo. Leo tunaongea sinema.

Kila kukicha mjini hapa anashuka kijana kutoka mkoani, mfukoni ana nauli ya kuja tu, ya kurudi hana. Ukimuuliza umefuata nini Dar, anajibu macho makavu: "Nimekuja kuigiza." Anaweza kuwa ametoka Masanze, kule Kilosa. Zamani angebanana kwenye basi mpaka magoti yafe ganzi, lakini tangu 2024 treni ya umeme inapita Kilosa, kwa hiyo anafika mjini suruali haijakunjamana. Na Kilosa hiyohiyo ina kata inaitwa Ulaya. Maana yake mtoto wa kule anaweza kukuambia amefika Ulaya kabla hajaiona Kariakoo, na wala asiwe muongo!

Basi kijana huyo sura anayo, kifua anacho, na kwenye kibanda cha video amekariri kila ngumi. Anachotaka ni kuuza sura. Mimi simcheki hata kidogo. Ila kabla hajaanza kupanga foleni kwenye usaili, nina hadithi tatu za kumpa, zote za kweli. Ya kwanza ni ya kuli wa bandarini.

Kuli huyo alikuwa Mtaliano, jina lake Bartolomeo Pagano. Alizaliwa mwaka 1878 Genoa, mji wa bandari, na kazi yake ilikuwa kubeba mizigo ya meli. Jitu la miraba minne, mgongo kama mlango wa ghala. Hakusomea sanaa popote, wala hakuwahi kukanyaga jukwaa.

Kule Torino kulikuwa na kampuni ya sinema ikiitwa Itala Film, na bosi wake alikuwa Giovanni Pastrone. Bosi alikuwa anatengeneza sinema kubwa kuliko zote alizowahi kufanya, iitwayo Cabiria, habari za vita vya Roma na Carthage, ule mji wa kale wa Afrika ya Kaskazini. Ndani ya kisa kulikuwa na mtumwa mwenye nguvu za ajabu, Maciste. Ikatafutwa pande la mtu, likapatikana bandarini.

Cabiria ilitoka Aprili 1914, mwaka uleule ambao reli yetu ya kati ilifika Kigoma. Pagano alikuwa na miaka 35. Sinema za wakati huo zilikuwa bubu. Mwigizaji anafungua mdomo, husikii kitu. Maneno yanaandikwa kwenye kadi zinazokatiza picha, na pembeni kuna mtu anapiga piano. Kwa hiyo mwigizaji alikuwa anaongea kwa macho, mabega na vidole. Kwa kuli ilikuwa kama kumsukuma chura kwenye maji. Mwili wake ulishazoea kuongea miaka yote!

Maciste anamuokoa mtoto wa kike asitupwe kwenye moto wa mungu Moloch. Anakamatwa, anafungwa minyororo kwenye jiwe la kusagia, anazungushwa miaka nenda rudi, mwishoni anaikata minyororo. Watu wakapagawa. Walikuwepo wakubwa na mabibi ndani ya picha, lakini waliotoka ukumbini walitoka wakimzungumza mtumwa.

Sasa hapa ndipo panaponoga. Maciste wa ndani ya Cabiria ni Mwafrika. Pagano alikuwa Mzungu. Wakafanyaje? Wakampaka rangi nyeusi mwili mzima! Msisahau pia kwamba Italia ilikuwa imeivamia Libya mwaka 1911. Kwa hiyo Waafrika halisi walikuwa wanapigwa risasi ng'ambo ya bahari, huku Mwafrika wa kwenye kitambaa cheupe anapigiwa makofi, naye ni kuli wa Genoa aliyepakwa rangi.

Mwaka 1915 ikatoka sinema ya pili, jina lake Maciste. Binti mmoja anawindwa na watu wabaya, anakimbilia ndani ya ukumbi wa sinema, anakuta wanaonyesha Cabiria. Anamuona yule mbabe, anasema huyuhuyu ndiye atakayeniokoa, anatafuta msaada kwake kwenye kampuni ya sinema. Ujanja mtupu. Lakini Maciste anayekuja kumuokoa safari hii ni Mtaliano mweupe aliyevaa suti. Rangi imeoshwa, na hakuna aliyejisumbua kueleza imekwenda wapi. Uafrika ulitumika kumpandisha, ulipomaliza kazi ukamwagwa na maji ya kuogea.

Kuanzia hapo jamaa akawa anatesa. Mwaka 1916 yuko milimani na wanajeshi, kwenye Maciste alpino. Miaka ya 1920 akaenda kupiga picha Ujerumani, akarudi kwao akaigiza Maciste mfalme wa nchi, Maciste ndani ya tundu la simba, mpaka Maciste jehanamu. Fellini, yule mtengenezaji mkubwa wa sinema wa Italia, alikuwa akisema kwamba hiyo ya jehanamu ni miongoni mwa sinema za kwanza anazozikumbuka utotoni. Zaidi ya sinema 20, stelingi ni yuleyule, jina ni lilelile.

Lakini jina lenyewe lilikuwa la nani? Hebu sogea karibu nikunong'oneze. Jina la Maciste halikutungwa na Pagano. Lilitoka kwa mshairi maarufu Gabriele D'Annunzio, aliyelipwa fedha nzuri aandike zile kadi za maneno. Kampuni ikaitangaza Cabiria kama kazi ya mshairi, maana jina lake lilikuwa linauza. Pastrone mwenyewe, aliyeibuni na kuitengeneza picha, akajificha nyuma ya jina la bandia, Piero Fosco. Mnaona biashara hiyo? Aliyefanya kazi kubwa kajificha, aliyeandika kadi kawa mwenye picha, na kuli akabaki na jina la kubuni alilopewa na watu wengine. Mtaani hakuna aliyemwita Bartolomeo. Ni Maciste tu.

Sinema yake ya mwisho ilikuwa ya mwishoni mwa miaka ya 1920. Sinema za sauti zilikuwa zimeshaanza kubisha hodi, naye alikuwa anakaribia miaka 50. Akarudi kwao Genoa, kwenye nyumba yake nzuri. Nyumba hiyo iliitwaje? Villa Maciste! Akafariki mwaka 1947.

Na Maciste? Maciste hakufa. Kuanzia mwaka 1960 Wataliano wakazifyatua upya sinema za Maciste, nyingi mno, zikiigizwa na mabaunsa wengine, Wamarekani wakiwemo. Mashabiki wapya wala hawakujua kwamba aliwahi kuwepo kuli wa Genoa. Wale wa vibanda vya video husema stelingi hafi. Ni kweli, stelingi hafi. Anayekufa ni mwigizaji.

Haya, tutoke Italia turudi nyumbani. Hadithi ya pili ni ya Vugiri, kwenye milima ya Usambara, mkoani Tanga. Kati ya mwaka 1935 na 1937 kulikuwa na mradi wa Waingereza wa kutengeneza sinema kwa ajili ya Waafrika, kwa fedha za mfuko wa Carnegie wa Marekani. Ulisimamiwa na Meja Notcutt na mwenzake Latham. Walitengeneza sinema 35, fupi fupi, za mambo ya afya, kilimo, kodi na akiba.

Waigizaji walikuwa Waafrika wenyewe, safari hii bila kupakwa rangi. Na sinema zilikuwa bubu! Maneno yalirekodiwa pembeni kwenye santuri kwa lugha mbalimbali, lori likazunguka Tanganyika, Kenya, Uganda na nchi za kusini, kila linapofika inawekwa santuri ya lugha ya watu wa pale. Wale mliowahi kumsikia DJ Lufufu akiitia mikanda ya Kichina Kiswahili cha mtaani mnaelewa ninachosema. Mdomo wa huyu, sauti ya yule.

Moja ya sinema hizo ilihusu benki ya akiba ya posta. Vibarua wawili wanapokea mshahara. Mmoja anazifukia fedha zake chini, mwizi anazifukua. Mwenzake anaziweka posta, zinakaa salama. Bila shaka ilikuwa somo la serikali, lakini mtu alisimama mbele ya kamera akaigiza uchungu wa kukuta shimo tupu, na watu waliokaa chini gizani wakamuonea huruma.

Sasa niambie, aliitwa nani? Yule aliyeibiwa, na yule mwizi? Jina la Notcutt linajulikana, la Latham linajulikana, kitabu cha mradi waliandika wenyewe mwaka 1937. Waigizaji wa Vugiri mashabiki hatuwataji kwa majina, wala hakuna mtaa ulioitwa kwa jina la hata mmoja wao. Katika sinema zote 35, zilizosalia ni chache mno, mojawapo ikiwa ya wakulima wa Kingolwira, pale Morogoro, jirani kabisa na Kilosa. Sura zipo, zinatembea, zinalima. Majina hayapo. Pagano angalau alipewa jina la bandia na nyumba. Hawa hata la bandia hawakuachiwa.

Hadithi ya tatu ndiyo iliyonifanya nishike kalamu.

Alizaliwa mwaka 1926 huko Songea. Akasoma Tabora, ile shule iliyotoa vigogo. Akawa karani wa serikali ya kikoloni, kisha akaingia kwenye idara ya maendeleo ya jamii. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 serikali hiyo ilishirikiana na kampuni moja ya sinema ya Afrika Kusini kutengeneza picha za Kiswahili, safari hii zenye sauti. Iliyovuma zaidi ni ile ya mwaka 1952 iitwayo Muhogo Mchungu, kisa cha mtu wa shamba anayeingia Dar es Salaam na kukutana na mambo ya mjini. (Wapenzi wa maigizo wanalijua jina hilo kwa njia nyingine, maana ndilo walilomzoea nalo mchekeshaji mkongwe Abdallah Mkumbila.)

Karani wetu akawa miongoni mwa waigizaji wakuu wa picha hizo, mmoja wa mastaa wa kwanza kabisa wa sinema Tanganyika. Jina lake Rashidi Mfaume Kawawa. Naam, Kawawa huyohuyo! Simba wa Vita!

Vijana wengi mnalijua jina hilo kutokana na barabara pale Ilala na kwenye vitabu vya historia. Mngeambiwa kwamba mzee yule alikuwa stelingi, mngedhani ni stori za kijiweni. Lakini ndivyo ilivyokuwa. Kabla Bongo Movie haijazaliwa, kabla hata ya Uhuru wenyewe, alikuwa amesimama mbele ya kamera akiongea Kiswahili.

Angeweza kubaki hapo. Sura inajulikana, mshahara wa serikali unaingia, wakubwa wanamfurahia. Lakini angalia alivyokwenda. Alipelekwa Urambo kufanya kazi na Wakikuyu waliokuwa kizuizini wakati wa Mau Mau, akaona kwa macho yake ukoloni unavyofunga watu. Akaongoza chama cha Waafrika watumishi wa serikali. Mwaka 1955 lilipoundwa shirikisho la vyama vya wafanyakazi Tanganyika, TFL, akawa katibu mkuu wake wa kwanza. Watumishi wa serikali walikatazwa siasa, kwa hiyo ilibidi achague. Akaacha kazi ya serikali. Akaenda kusimama na makuli, matarishi, wapishi na wafanyakazi wa mashamba ya mkonge, wakati ambapo mgomo ulikuwa unaweza kukufikisha pabaya.

Januari 22, 1962, Mwalimu Nyerere alipojiuzulu Uwaziri Mkuu ili akakijenge chama, aliyekabidhiwa kiti ni Kawawa. Alikuwa na miaka 35, umri uleule wa Pagano alipotoka na Cabiria! Na tangu Muhogo Mchungu ilikuwa imepita miaka 10 tu. Baadaye akawa Makamu wa Rais, akawa tena Waziri Mkuu kuanzia 1972 hadi 1977, akaendelea kulitumikia taifa mpaka uzeeni. Alifariki Desemba 31, 2009.

Sitawadanganya kwamba sinema ndiyo iliyompa uongozi. Angeweza kufika bila kamera. Ninachosema ni kwamba sinema haikummeza. Haikumgeuza jina, na ilipofika wakati wa kuiacha aliiacha akiwa bado ni Rashidi Kawawa. Waliomtengeneza wakamtoa kwenye picha walitaka mwigizaji wa kufundisha watu wa shamba adabu za mjini. Wakajikuta wamemzoesha mtu kusimama mbele ya umati!

Najua kuna msomaji anasema, mzee, sisi siyo wote tutakuwa mawaziri wakuu. Kweli kabisa, wala viti havitoshi. Na sidharau usanii hata kidogo. Aprili 2012 alipofariki Steven Kanumba akiwa na miaka 28, jiji hili lilisimama. Maelfu kwa maelfu walimiminika kumzika. Watu hawamlilii hivyo mtu aliyekuwa anacheza cheza tu. Ile ni kazi, na inagusa mioyo.

Ndiyo maana nataka kazi hiyo iwe na mwenyewe. Hapa Bongo tumeshaona mtindo wa kuuza filamu jumla. Msambazaji anatoa fedha mara moja, anachukua mkanda na haki zake zote, kwaheri. Miaka inapita, picha inaonyeshwa kwenye mabasi na televisheni, inaruka mtandaoni, watu wanacheka na kulia, mwigizaji yuko nyumbani anaomba mchango wa matibabu. Mashabiki wanashangaa, "Kumbe fulani hana kitu?" Atakuwa nacho wapi wakati alishauza mpaka kivuli chake?

Na siyo kwamba hatuna sheria. Ipo ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, na hiyo hakishiriki inamhusu mwigizaji moja kwa moja. Ipo COSOTA. Lakini sheria haiwezi kukusaidia kama makubaliano yenu yalifanyikia kwenye meza ya chipsi, kwa mdomo, ukalipwa nauli na soda ukaambiwa "utapata jina, dogo." Jina gani? La nani? La kwenye picha au la kwenye cheti chako cha kuzaliwa?

Kwa hiyo wewe uliyeshuka juzi na begi lako, kaka au dada, kaigize. Lia ukiambiwa lia, pigana ukiambiwa pigana. Ila kabla ya kamera kuwashwa uliza mambo matatu. Jina langu litaandikwa, tena kwa herufi zake sahihi? Karatasi ya makubaliano iko wapi, na nakala yangu iko wapi? Picha ikiuzwa mara ya pili na ya tatu, mimi ninapata nini? Akikukunjia uso mwenye kamera, ujue tayari amekujibu. Na kama hujui kusoma mikataba, tafuta ndugu au jirani anayejua, umnunulie chai. Chai ni rahisi kuliko wakili wa baadaye.

Halafu uwe na kitu kingine mkononi, cherehani, duka, shule, chama, chochote. Mwili una muda wake. Hata lile jitu lililokata minyororo lilifika miaka 50 likarudi nyumbani.

Nawaachia kazi ya nyumbani. Wiki hii mkikaa na wazee, waulizeni nani aliwahi kuigiza kwenye sinema za zamani, zile za gari la serikali lililokuwa linatundika kitambaa cheupe uwanjani. Usaramo, Usambara, Uluguru, Usagara, popote. Mkipata jina, liandikeni. Hata kama ni jina la mwizi wa fedha za kwenye shimo, alifanya kazi nzuri yule.

Tubanane hapahapa wiki ijayo, panapo majaaliwa.